Aliyeshindwa Aambiwe Sababu

Mhariri,

Swali lenu la wiki hii linauliza jamii iongozwe na nini ili haki ipatikane: sheria zilizoandikwa, au busara za watu wema. Nilipolisoma nilikuwa na jibu tayari, nalo ni sheria. Mtu mwema huchoka na huzeeka, ana ndugu na marafiki, na wema wake wa jana haumfungi leo. Lakini sheria iliyoandikwa husomwa na anayelindwa nayo na anayeumizwa nayo, na wote wawili hukuta maneno yaleyale. Hata hivyo, tangu nishike kalamu, jambo linalonisumbua ni jingine kidogo: yule anayeshindwa katika shauri anastahili kuondoka na nini mkononi?

Miaka mingi iliyopita nilikuwa katibu wa kamati ya nidhamu mahali pa kazi. Siku moja aliitwa mbele yetu mtunza stoo aliyetuhumiwa kwa upotevu wa mali. Kila hatua ilifuatwa. Barua ya wito ilimfikia siku 14 kabla ya kikao, aliruhusiwa kuja na mwenzake wa kumsindikiza, akidi ilitimia, na mwenyekiti alimsomea tuhuma taratibu, moja baada ya nyingine. Yule bwana aliingia na daftari la kawaida la mazoezi, jalada lake limeungwa kwa selotepu. Nilikuwa nimekaa karibu naye, na alipolifunua kutafuta ukurasa niliona safu alizozichora kwa rula: mizigo iliyoingia kwa wino wa buluu, iliyotoka kwa wino mwekundu, na pembeni sahihi ya kila aliyechukua. Alilifunga, akalisogeza mezani mpaka mbele ya mwenyekiti.

Mwenyekiti aliuliza kama hiyo ni kumbukumbu rasmi. Akajibu kwamba hapana, ni yake mwenyewe, aliianzisha kwa sababu leja rasmi ilikuwa ikijazwa na ofisi nyingine, na mara nyingi ilijazwa siku kadhaa baadaye. Mwenyekiti, kwa sauti ya upole kabisa, akasema kanuni zinaitaka kamati itazame kumbukumbu rasmi pekee. Hakukosea, kanuni zilisema hivyo. Daftari likarudishwa lilikotoka bila kufunguliwa. Yule bwana akazungumza kwa dakika chache, hakuna mjumbe aliyemuuliza swali, akatoka nje. Tulipiga kura, watano dhidi ya wawili, nami nilikuwa miongoni mwa watano. Kisha nikaandika sentensi iliyoingia kwenye muhtasari na kwenye barua yake: “Kamati imeridhika kuwa tuhuma zimethibitika.”

Nilipomkabidhi barua hiyo ukumbini, aliisoma mara mbili, akaniuliza, “Katibu, wameridhika na nini?” Sikuwa na la kumjibu. Huenda mali aliichukua kweli, sitetei mikono yake. Ninachosema ni kwamba hata kama uamuzi ule ulikuwa sahihi, tulimnyima kitu kilichokuwa haki yake.

Naona sasa kwamba kisa hiki kinaliyumbisha jibu langu la mwanzo, kwa kuwa siku ile sheria haikuvunjwa hata kidogo. Kilichokosekana ni mtu mmoja wa kunyoosha mkono na kulivuta daftari. Lakini busara peke yake nayo ina historia ya kutisha. Katika mji wa Athens, Ugiriki ya kale, waamuzi wa mahakama 6,000 wenye umri wa miaka 30 na zaidi walipatikana kila mwaka kwa kura ya bahati nasibu, jambo lililowapa raia wa kawaida nguvu kubwa, ingawa wanawake, watumwa na wageni hawakuhesabiwa. Muda wa kusema ulipimwa kwa maji yaliyochuruzika kutoka chungu kimoja hadi kingine, ili mshtaki na mshtakiwa wapate sawa. Natamani tungekuwa na chungu hicho katika kikao chetu. Lakini hotuba zikiisha, waamuzi walipiga kura papo hapo bila kushauriana, na hakuna aliyetakiwa kueleza kwa nini. Mwaka 399 kabla ya Kristo mwanafalsafa Socrates alihukumiwa kifo kwa njia hiyo, na watu wangali wanabishana juu ya kilichowasukuma waliompigia kura ya hatia.

Ndiyo maana naipenda sana ibara ya 47 ya Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, inayompa mtu haki ya kuandikiwa sababu pale hatua ya kiutawala inapoathiri au inapoelekea kuathiri haki zake. Ibara kama hiyo haimwambii mwamuzi aamue nini. Inamtaka aonyeshe alivyofikia uamuzi wake.

Kwa hiyo nachagua watu, kinyume cha nilivyoanza: watu wa kawaida, wasiomjua mtuhumiwa na wasiokaa kwenye kiti hicho muda mrefu, waachiwe nafasi ya kutazama hata kile ambacho kanuni haikukitaja. Nachagua hivyo kwa sharti kwamba sheria iwabane waandike sababu zao na kumpa aliyeshindwa. Mahali ambapo sharti hilo haliwezi kusimamiwa, nabaki na kanuni zangu kavu, pamoja na udhaifu wake wote.

Mtaniambia kwamba sababu hutungwa baada ya uamuzi kupita, na nakubali. Kalamu ilikuwa mkononi mwangu, na ningeweza kujaza kurasa tatu za lugha nzuri. Lakini nisingeweza kuandika aya hata moja kuhusu daftari lile bila kwanza kulifungua.