Devin Hester kama risiva alikuwa wa kawaida, sasa anafanya nini Canton? Jibu langu (refu kidogo, vumilieni)

Mkuu mleta uzi umeuliza swali la haki kabisa. Umesema Hester, yule wa Chicago Bears kwenye soka la Kimarekani, kadaka pasi 255 tu maisha yake yote ya NFL (ligi yao kuu), yadi 3,311, tachidauni 16 za kudaka (tachidauni ni kuufikisha mpira eneo la goli la wapinzani), na kuna marisiva, yaani wadaka pasi, wanafikisha hizo namba ndani ya misimu mitatu na hakuna anayewataja, iweje yeye aingizwe Hall of Fame, ukumbi wa magwiji, kule Canton, Ohio, mwaka 2024. Halafu kuna mdau hapo juu kadakia kwamba ni ile Super Bowl (fainali ya ligi) moja tu ndo imembeba, bahati. Sasa mimi ile miaka nilikuwa Chicago nabeba boksi kama wabongo wengine, na huyu jamaa nimemfuatilia toka anaingia, kwa hiyo ngoja nijibu ninavyojua.

Kazi yangu ilikuwa nyumba ya wazee, vitongoji vya magharibi kule, na ukishafika mwezi wa tisa Jumapili TV ya ukumbini ni Bears mwanzo mwisho, hata uwe na mgonjwa wa aina gani hubadilishi chaneli. Mchezo wenyewe mwanzoni nilikuwa naona wanaume wanaparamiana tu. Kuna babu mmoja pale aliyefanya kazi kiwandani maisha yake yote ndo alinifundisha, akanipanga vizuri, kwamba kila timu ina vikosi vitatu, wa kushambulia, wa kuzuia, na hawa wa timu maalum wanaoingia mpira unapopigwa kwa mguu. Hao wa tatu ndo hakuna anayewajali. Timu ikishindwa kusogea inaupiga mpira juu mbali, wenyewe wanaita panti, wapinzani wanaudaka na kukimbia nao kuurudisha, na hapo Mmarekani wa kawaida anaenda chooni au anaenda kufungua friji.

Chicago ya 2006 ilikuwa kinyume. Kotabeki, mrusha pasi wa timu, alikuwa Rex Grossman, na wanaomkumbuka Grossman wanajua naongelea nini, siku moja malaika siku ya pili anawagawia wapinzani mipira kama pipi. Kwa hiyo sisi wahudumu dawa tulikuwa tunagawa Bears wakiwa wanashambulia. Panti ya wapinzani ikikaribia hugusi mtu, humpimi mtu presha, humwamshi mtu akalale, maana wazee wote wameinua shingo wanamtafuta namba 23 kasimama wapi. Namba 23 Chicago, mji wa Jordan, na mtoto wa mwaka wa kwanza kapewa avae, fikiria.

Tuanze na hapo kwanza, maana wengi mnadhani alisajiliwa kama risiva. Hapana. Ni mtoto wa Riviera Beach, Florida, chuo kasoma Miami, na pale chuoni kilichowashinda makocha ni kujua acheze wapi, leo yuko kwenye ushambuliaji kesho yuko kwenye ulinzi, kinachoeleweka ni kimoja tu kwamba mpira ukipigwa mpe huyu arudishe. Bears wakamchukua raundi ya pili ya drafti ya 2006 (timu zinapochagua vijana wa vyuoni), namba 57, wakamwandika beki wa pembeni, na watu wakanuna, timu inahitaji washambuliaji wewe unachukua mtu asiye na namba uwanjani. Msimu haujaisha kapeleka tachidauni sita za kurudisha mpira. Tatu za panti, mbili za mpigo wa kuanzia mchezo, na moja ile ya ugenini dhidi ya New York Giants ambayo mpaka leo nikiiona nacheka, Giants wanajaribu fildigoli ya mbali (kupiga mpira upite kati ya milingoti), mpira unakosa nguvu unaangukia mikononi mwake ndani kabisa ya eneo la goli, jamaa anatembea pole pole kama mtu aliyeshakata tamaa, Giants nao wanalegea, ghafla kachomoka yadi 108.

Kabla ya hapo kulikuwa na Jumatatu ya Arizona, Oktoba 2006. Bears walikuwa nyuma kwa pointi 20, Grossman anapoteza mpira kama analipwa kwa kuupoteza, ushambuliaji haukupata tachidauni hata moja usiku ule, na bado wakashinda 24-23. Ulinzi ulirudisha mbili, ya tatu Hester akachukua panti yadi 83. Ile ndo mechi kocha wa Arizona, Dennis Green, aliwalipukia waandishi wa habari mpaka akapiga maikrofoni. Wengi wanakumbuka hasira za Green tu, ila aliyemtia hasira za mwisho ni mtoto wa mwaka wa kwanza.

Sasa Super Bowl. Februari 4, 2007, mvua inanyesha Miami, nyumbani kwao kabisa, wapinzani Indianapolis Colts wanapiga mpira wa kwanza wa mechi na Hester anaondoka nao yadi 92. Hajawahi kutokea mtu kurudisha mpira wa kufungulia Super Bowl mpaka tachidauni, wa kwanza yeye. Bears wakaja kufungwa 29-17, kotabeki wa Colts Peyton Manning akabeba, sawa. Ila wewe unayesema bahati, rudi uangalie Colts walifanya nini baada ya pale. Hawakumpigia tena mpira wa kawaida. Walikuwa wanaburuza mpira chini umfikie mtu mwingine yeyote, wakakubali kuwapa Bears yadi za bure kuliko kumwona huyu akiwa na mpira mkononi. Timu bingwa ya dunia, usiku mkubwa kuliko yote, inabadilisha mpango kwa ajili ya mtu mmoja ambaye hata haanzi kikosi cha kwanza.

Hapo ndo hoja yangu ilipo. Namba za risiva zinahesabu alichodaka. Mrudishaji inabidi umhesabu pia kwa alichonyimwa. Kila panti iliyopigwa makusudi nje ya mstari, kila mpigo mfupi wa woga, zile yadi kumi kumi na tano zinazopatikana ni kazi ya Hester na hazimo popote kwenye karatasi yake. Babu yangu pale alikuwa na msemo kwamba Bears wanatakiwa wamlipe hata akikaa tu pale amekunja mikono, na sidhani kama alikuwa anatania.

Na msione kama kudaka panti ni kazi ya kitoto. Kuna mfanyakazi mwenzetu alikuwa mpigaji wa chuo fulani zamani, tulikuwa tukitoka kazini anatupigia uwanja wa jirani tujaribu. Mimi nimecheza kandanda tangu mdogo, kusoma mpira wa juu najua, nikajiamini. Aisee. Ule mpira una ncha mbili, ukizunguka vizuri pua inashuka mbele unautegemea, ukipigwa vibaya kidogo pua inabaki juu na unakufia mbele yako ghafla, na akipiga wa mguu wa kushoto unazunguka upande mwingine unakukimbia mkononi. Ongeza upepo wa ziwa Michigan wa Novemba. Uko hewani sekunde nne na ushee, na muda wote huo macho yako juu huku unasikia miguu ya watu inakuja kwa kasi na huwaoni. Sisi hatukuwa hata na watu wa kutugonga na bado mingi ilituangukia kifuani. Sheria inakuruhusu upunge mkono udake kwa amani wasikuguse, na binadamu mwenye akili timamu atapunga. Hester alikuwa hapungi kirahisi. Anadaka, hatua ya kwanza anaenda pembeni kama anataka kukimbia kuelekea mstari, wote wanavutika, halafu anakata kurudi katikati na hapo kocha wa timu maalum, Dave Toub, ameshapanga ukuta wa watu. Toub apewe heshima yake, yule kocha ndo alimjengea njia.

Turudi kwenye swali la urisiva lenyewe maana hapo nina kinyongo cha miaka mingi. 2007 wakamtoa kwenye ulinzi wakampeleka ushambuliaji awe risiva, wazo likiwa kwamba mtu wa hatari hivi kwanini aguse mpira mara nne kwa mechi, mpe mara kumi. Kwenye karatasi linaeleweka. Mwaka huohuo akarudisha zingine sita, na mechi ya Denver mwezi wa kumi na moja Broncos wakajifanya wanaume wakampigia, akawachukulia panti ya yadi 75 na mpigo wa kuanzia wa yadi 88 ndani ya mechi moja, Bears wakashinda muda wa nyongeza 37-34. Sasa 2008 wakampa mkataba mpya wa miaka minne ambao ungeweza kufika dola milioni 40, lakini ile pesa ya juu kabisa ilitegemea namba za risiva mkubwa. Unaona mtego? Pesa ziko kwenye kudaka, si kwenye kurudisha. Na huwezi kumlaumu, mtu ana familia, soka la Kimarekani ukiumia goti kesho wamekusahau.

Matokeo yake, 2008 hajarudisha hata moja. 2009 hajarudisha hata moja. Kutoka kumi na mbili za miaka miwili mpaka sifuri ya miaka miwili. Mipigo ya kuanzia wakapewa wengine, akina Danieal Manning na Johnny Knox, yeye akabaki na panti huku miguu imeshachoka kukimbia njia za pasi. Kama risiva 2009 alipata pasi 57 na yadi 757, ndo msimu wake bora, na kotabeki mpya Jay Cutler ndo kafika mwaka ule. Siyo namba za aibu. Ila zile ni kazi mbili zenye akili tofauti. Risiva anatakiwa awe sehemu fulani kwenye hatua fulani, kotabeki anarusha mpira kabla hujageuka, ukichelewa nusu hatua au ukaona nafasi nzuri ukaifuata, mpira unadakwa na adui na kotabeki anakutukana mbele ya watu elfu sitini. Mrudishaji hana hatua za kuhesabu, mchezo unajipanga mbele yake ndo anaamua. Yaani kile kilichomfanya awe Hester ndicho risiva anakatazwa kukifanya. Jirani yangu wa Berwyn alikuwa anagombana na TV kila wiki, huyu mtu kakosea njia tena, mimi namwambia hajakosea, wewe ndo umemuweka siko.

2010 wakampunguzia mzigo kidogo na mwenyewe akarudi, panti tatu, ile ya Disemba dhidi ya Vikings Minneapolis usiku wa Jumatatu kwenye uwanja wa chuo wa wazi na baridi lake ikawa ya 14 kwa jumla ya panti na mipigo ya kuanzia, akampita Brian Mitchell aliyekuwa anashikilia rekodi. Mwaka 2011 ligi ikasogeza mpigo wa kuanzia mbele toka yadi ya 30 mpaka ya 35 kwa sababu za usalama, mipira mingi ikawa inapita tu mpaka nyuma ya goli, kwa mtu kama yeye ni kama kufungiwa nusu ya duka. Bado akarudisha tatu mwaka ule. 2013 kocha Marc Trestman ndo akaamua kumwacha afanye kurudisha tu, na hapo, ukijumlisha na ile fildigoli ya Giants, akamfikia gwiji Deion Sanders kwenye rekodi ya tachidauni 19 zisizo za ushambuliaji.

Ya 20 hakuipata akiwa Chicago, na hiyo iliniuma. Ilikuwa Septemba 2014 na jezi ya Atlanta Falcons, dhidi ya Tampa Bay, panti ya yadi 62, na Deion mwenyewe yuko pale uwanjani kikazi na TV. Deion ndo alikuwa anamlea toka mwanzo, na Atlanta ndo timu iliyomtoa Deion. Jamaa kabla hajafika mstarini kainua magoti juu kama alivyokuwa anafanya mwalimu wake, refa akampiga faini ya yadi, nani anajali, Falcons walishinda 56-14. Baadaye akapita Baltimore, akapita Seattle, Disemba 2017 akatangaza kustaafu.

Canton walimzungusha. 2022 kafika fainali kanyimwa, 2023 kanyimwa, 2024 ndo wakampa, mrudishaji wa kwanza kuingia kwa kazi hiyo hasa. Hoja ya waliokuwa wanakataa ilikuwa kwamba anacheza mara chache kwa mechi. Sasa Jan Stenerud mpigaji yumo toka 1991, Ray Guy mpigaji wa panti yumo toka 2014, hao wanacheza mara ngapi? Unamuweka anayepiga panti halafu unamkataa mtu aliyewafanya wapiga panti waogope kazi yao? Na kundi aliloingia nalo kuna Dwight Freeney ambaye alikuwa Colts usiku ule wa Miami, kuna Julius Peppers aliyecheza naye Bears, kuna Andre Johnson wa chuo kilekile cha Miami ambaye huyo ndo risiva, ukitaka kulinganisha pasi linganisha na huyo na Hester atapigwa mbali sana, nakubali bila ubishi.

Kwa hiyo mkuu kama risiva jibu ni hapana, asingeingia hata kwa dirishani. Hawakumuingiza kama risiva. Na hizo 20 hazijajumlisha ile ya Super Bowl, maana mechi za mtoano zinahesabiwa kivyake.

Kwa aliyeuliza kama kuna wa kuzifikia, sheria ya mpigo wa kuanzia wameibadilisha tena 2024 ili mipira irudishwe zaidi, kwa hiyo hizo zinaweza kuongezeka kwa vijana wa sasa. Panti 14 ndo naona ngumu, siku hizi wapigaji wamekuwa mafundi wa kuua mpira pembeni, na wengine wamejifunza hiyo kazi kwa kumkimbia yeye. Ukitaka kumuangalia usianze na Super Bowl, hiyo ni sekunde kumi na nne inaisha. Tafuta Denver 2007 mechi nzima, na uangalie nyuso za benchi la Broncos kabla ya kila mpigo.