Barua kwa mwanangu: yule dada wa Kuhle Wampe

Mwanangu mpendwa,

Huku sote wazima, baba yako keshaanza kuchuma kahawa. Umeniuliza yule dada uliyemwona kwenye filamu ya Kuhle Wampe huko Berlin ni nani, na mbona baada ya 1933 alipotea. Anaitwa Hertha Thiele, mzaliwa wa Leipzig, 1908. Filamu hiyo nami niliionea Leipzig, nilipokuwa najifunza Kijerumani enzi za Ujerumani Mashariki.

Alianzia jukwaani. Christa Winsloe aliandika tamthilia ya msichana wa shule ya bweni anayempenda mwalimu wake. Hertha akawa huyo msichana, Manuela, kwanza jukwaani Leipzig, kisha katika filamu iliyotokana na tamthilia hiyo, Mädchen in Uniform, 1931. Waigizaji wote mle ni wanawake, na mwongozaji pia, Leontine Sagan. Mwalimu ni Dorothea Wieck, naye kazaliwa 1908 vilevile! Itazame ukijua hilo: mmoja mtoto mtupu, mwingine mtu mzima wa kuogopwa, kumbe rika moja. Ndiyo maana wakimsifu Hertha kwa sura tu huwa naudhika.

Halafu 1932 ndiyo hiyo Kuhle Wampe. Yeye ni Anni, mwenye kibarua kiwandani wakati baba na kaka hawana kazi. Unakumbuka kaka yake anavyovua saa ya mkononi, anaiweka pembeni, ndipo anajirusha dirishani? Saa inauzika, haifai kuvunjika. Wakaguzi waliipiga marufuku filamu, wakaiachia baada ya kuikatakata. Lakini mimi namtazama Anni akiwa mjamzito, anapita mtaani, na kila anapogeuka ni watoto na mabango ya vitu vya watoto. Hasemi kitu. Mwingine angetulilia pale. Na ule ubishi wa ndani ya treni, juu ya kahawa iliyoteketezwa kwa moto Brazil, sisi wa kutoka Moshi ulitugusa kuliko Wajerumani waliokaa nasi.

Wanazi walipoingia 1933 filamu ikapigwa marufuku tena. Mwaka huohuo Hertha alicheza tena na Dorothea katika Anna und Elisabeth. Ila kutumikia propaganda yao hakutaka, na 1936 wakamfukuza katika Reichsfilmkammer, chama cha lazima cha watu wa filamu. Bila uanachama huo, kamera huisogelei. Mwaka 1937 akahamia Uswisi, na baadaye huko akawa msaidizi wa wauguzi katika hospitali ya wagonjwa wa akili.

Kwa hiyo hilo neno lako, "alipotea", silikubali. Alifungiwa mlango akiwa hajafika hata miaka thelathini. Miaka ya 1960 alirudi Ujerumani Mashariki, akaigiza jukwaani na kwenye televisheni, akafariki Berlin 1984.

Mädchen in Uniform itafute kabla hujaja likizo. Ukishaiona nipigie, nataka kusikia ulimwamini nani zaidi, Hertha au Dorothea.

Mama yako