Ukitaka kuwaelewa Wamaya na Waazteki, anzia sokoni

Nikiwa mwaka wa kwanza chuoni niliandika insha ya kurasa sita kuhusu "dola ya Wamaya na Waazteki", wenyeji wa Mexico na Amerika ya Kati kabla ya Wahispania. Niliijaza mapiramidi, kalenda na mioyo ya mateka inayopasuliwa juu ya madhabahu. Ilirudi na alama 7 kati ya 20, na pembeni mwalimu alikuwa ameandika kwa wino mwekundu maneno manne tu: "Mji gani? Mwaka gani?"

Nilinuna wiki nzima. Nilipotulia nikagundua sikuwa na jibu hata la swali moja, na tangu hapo kila anayeniuliza aanze vipi kuzisoma jamii hizi namwambia ayaandike maneno hayo manne juu ya daftari.

Maana hawa si watu wa zama moja. Miji mikubwa ya Wamaya ya kusini, kama Tikal, Palenque na Copán, ilistawi kati ya mwaka 250 na 900 hivi. Waazteki walianza kujenga mji wao mkuu, Tenochtitlan, kisiwani ndani ya ziwa Texcoco, mwaka 1325 kwa hesabu ya mapokeo yao wenyewe. Wakati huo Tikal ilishamezwa na msitu karne kadhaa. Tena Wamaya hawakuwahi kuwa na dola moja. Kila mji ulikuwa na mfalme wake, k'uhul ajaw, yaani bwana mtakatifu, na wafalme hao walioana, walilipana kodi na walikamatana vitani. Mtu anayeijua historia ya Kilwa, Mombasa, Malindi na Pate halimsumbui hilo: lugha ni moja, ibada moja, na jirani ndiye adui.

Kisa kilichonifungua macho ni cha Copán. Mfalme wake, Waxaklajuun Ubaah K'awiil, alimsimika mtu aitwaye K'ak' Tiliw katika mji mdogo wa Quiriguá, chini ya himaya yake. Mwaka 738 huyo mdogo akamkamata mkubwa wake na kumkata kichwa. Ukiishia kwenye michongo ya mawe utadhani ni hasira za wafalme tu. Sasa fungua ramani. Quiriguá iko kwenye bonde la mto Motagua, na humo ndimo lilimotoka jade, jiwe la kijani ambalo kila mfalme wa Kimaya alitaka kulivaa, na ndimo ilimopita njia ya kwenda baharini. Mimi siamini kwamba hilo halikumo kwenye hesabu za K'ak' Tiliw.

Hapo ndipo nilipoanza kuuliza juu ya bidhaa kabla ya kuuliza juu ya miungu. Nenda kaangalie picha za ukutani zilizofukuliwa Calakmul, mji uliokuwa hasimu wa Tikal. Ni za karne ya 7 hivi, na hazina mfalme wala mateka. Kuna watu wanakunywa na kula, kuna mwanamke wa gauni la buluu jepesi anamsaidia mwenzake na chungu kikubwa cha kichwani. Pembeni yao kumeandikwa wao ni nani: mtu wa chumvi, mtu wa tumbaku, mtu wa uji. Ndiyo, uji, tena wa mahindi. Nilizisoma lebo zile nikacheka peke yangu maktabani.

Kwa Waazteki soko lao kuu lilikuwa Tlatelolco, mji pacha wa Tenochtitlan ambao ulitwaliwa kwa vita mwaka 1473. Cortés, kamanda wa Wahispania aliyefika mwaka 1519, aliandika kwamba watu 60,000 walikuwa wakikutana pale kununua na kuuza. Punguza utakavyo, maana yule bwana alikuwa na sababu zake za kutia chumvi, bado linabaki soko kubwa. Kila bidhaa ilikuwa na safu yake. Vitu viliuzwa kwa kuhesabu na kwa vipimo, si kwa mizani, na mahakimu walikaa palepale sokoni. Kipimo cha uongo kilivunjwa mbele ya watu.

Fedha ndogo ilikuwa punje za kakao, na fedha kubwa ilikuwa mashuka ya pamba. Kuna orodha ya bei ya Tlaxcala, nchi jirani na hasimu wa Waazteki, ya mwaka 1545, miaka zaidi ya ishirini baada ya Wahispania kushika nchi: jike la bata mzinga punje 100, nyanya kubwa punje 1, parachichi lililotoka kuchumwa punje 3, parachichi lililoiva punje 1. Hapo nilikwama. Kwa nini lililoiva, ambalo unakula sasa hivi, liwe rahisi kuliko bichi?

Nikampigia shangazi yangu, ambaye ameuza parachichi soko la Mabibo tangu sijazaliwa. Hakuniacha hata nimalize. "Mwanangu, la kuiva likifika jioni hujaliuza, kesho unamtupia nani? Bichi nina siku nne za kulizungusha." Kisha akauliza hizo pesa za kakao zilikuwa hazighushiwi? Zilighushiwa. Walikuwepo waliotoa nyama ya ndani ya punje, wakajaza udongo na kufunga ganda upya. Shangazi akaguna: "Kama hawa wa kuweka mazuri juu ya tenga." Basi ushauri wangu mwingine ni huo: tafuta mtu wa sokoni umsomee ulichosoma. Atakuuliza maswali ambayo kitabu hakikuuliza.

Ukishalielewa soko, siasa ya Waazteki inakaa sawa. Mtawala wao aliitwa tlatoani, yaani msemaji, na wakubwa walimchagua kutoka ukoo wa kifalme, kwa hiyo mtoto wa kwanza hakuwa na uhakika wa kiti. Mwaka 1428 Tenochtitlan na miji jirani, Texcoco na Tlacopan, ziliungana, zikaipiga Azcapotzalco iliyokuwa ikizitoza kodi, kisha zenyewe zikageuka watozaji. Mara nyingi waliuteka mji, wakamwacha mtawala wake palepale, wakampangia cha kuleta. Codex Mendoza, kitabu cha picha kilichochorwa karibu na mwaka 1541, kinaorodhesha mzigo wa kila jimbo. Bendera ni 20, alama ya kama unyoya ni 400. Ukijifunza alama hizo jioni moja, unakisoma kama daftari la duka.

Mfumo huo una urahisi wake, huhitaji majeshi kila mji. Lakini unaacha manung'uniko kila mji. Tlaxcala, ambayo haikuwahi kutekwa na ilikuwa imezungukwa na kukatiwa chumvi na pamba, ilijiunga na Cortés, na Tenochtitlan ilipoanguka tarehe 13 Agosti 1521, baada ya ndui kuipiga mwaka mmoja nyuma, wengi wa walioizingira walikuwa wenyeji. Ukisimuliwa kwamba Wahispania mia chache waliangusha dola peke yao, usikubali.

Insha ya pili niliiandika juu ya jimbo moja tu, Xoconochco, kule pwani ya Pasifiki, na kodi yake: mizigo 200 ya kakao, ngozi 40 za jagua (chui wa huko), manyoya. Nilipata 14. Wino mwekundu ulikuwepo tena, maneno mawili: "Nani alibeba?"

Sikuwa nimewaza. Hawakuwa na punda wala ng'ombe wa kukokota. Walibeba tlameme, wapagazi, kama kilo 23 mgongoni kwa kila mmoja, mshipi ukipita kwenye paji la uso kama akina mama wa Kikuyu wanavyobeba kuni, kwa miguu, mamia ya kilomita hadi ziwani.