Nyota Haigeuki Saa Sita za Usiku

Safu ya maswali na majibu. Mwezi huu tumekusanya barua za wasomaji wa Mtwara na Lindi zinazouliza jambo moja: nyota ya mtu inaanza lini na inaisha lini?

Swali: Nilizaliwa tarehe 20 Aprili. Kalenda niliyonunua stendi inasema Punda anaishia tarehe 20. Gazeti linasema Ng'ombe anaanza tarehe 20. Programu ya simu inasema Punda anaishia tarehe 19. Nishike lipi? *Msomaji, Chikongola, Mtwara*

Jibu: Zote tatu zimekadiria, na kila moja ina miaka yake ya kupatia. Nyota haianzi siku, inaanza dakika. Njia ambayo jua huonekana kuipita angani kwa mwaka mzima ni duara la nyuzi 360. Wanajimu wamelikata vipande 12 vya nyuzi 30, wakianzia pale jua linapovuka ikweta kwenda kaskazini mwezi Machi. Kipande cha kwanza ndicho Punda, ambaye vitabu vya masheikh wetu humwita Hamali. Jua likigusa nyuzi 30 kamili, papo hapo Punda kaisha na Ng'ombe kaanza, iwe mchana au usiku wa manane.

Dakika hiyo haitulii. Mwaka wa jua una siku 365 na ziada ya saa 5 na dakika 49 hivi, kwa hiyo kila mwaka mpaka husogea mbele kwa ziada hiyo, mpaka Februari ya siku 29 iurudishe nyuma siku nzima. Tazama jua lilivyoingia Ng'ombe kwa saa za Tanzania: mwaka 2023 ilikuwa 20 Aprili saa 5:14 asubuhi, 2024 ilikuwa 19 Aprili saa 11:00 jioni, 2025 ilikuwa 19 Aprili saa 4:56 usiku, na 2026 ni 20 Aprili saa 10:39 alfajiri. Aliyezaliwa 20 Aprili 2023 saa 3 asubuhi ni Punda. Wa 20 Aprili 2024 ni Ng'ombe, saa yoyote aliyozaliwa.

Hukututajia mwaka wala saa, kwa hiyo hatuwezi kukukatia shauri. Tafuta jedwali la mwendo wa jua la mwaka wako. Mengi huchapwa kwa saa za Greenwich, basi ongeza saa 3. Programu nayo ikikuuliza tarehe peke yake, bila mwaka, saa na mahali, jua inabahatisha kama kalenda ya stendi.

Kuna wanaohesabu kwa vidole: wanaanzia 20 Machi na kuongeza siku 30, tena 30. Hesabu hiyo inakupotezea siku tano kwa mwaka, na vipande vyenyewe havilingani siku. Dunia huwa karibu zaidi na jua mwanzoni mwa Januari, na hapo hukimbia. Mwanzoni mwa Julai iko mbali, inajivuta. Ndiyo maana Mbuzi iliyoanza Desemba 2025 ilidumu siku 29 na karibu saa 11, ilhali Kaa ya 2026 inadumu siku 31 na karibu saa 11.

Swali: Mwanangu alizaliwa Septemba 2022, tarehe 23. Shangazi aliyekuwa nami wodini anasema ilikuwa usiku wa Ijumaa, saa 9. Nikiingiza kwenye simu napata Mizani, lakini jirani yangu anayeyajua mambo haya anasema mtoto ni Mashuke. *Mama wa mmoja, Mikindani*

Jibu: Inaelekea jirani kapatia, na tunashuku ulipokosea. Saa 9 usiku wewe umeiandika 21:00. Saa 9 zetu za usiku ni 03:00. Mwaka ule jua liliingia Mizani Ijumaa tarehe 23 saa 10:04 alfajiri, kwa hiyo mtoto aliwahi kwa saa moja na dakika nne.

Unapoingiza saa kwenye simu, fuata hivi: kuanzia saa 1 asubuhi mpaka saa 12 jioni, ongeza 6. Kuanzia saa 1 mpaka saa 5 usiku, ongeza 18. Saa 6 usiku ni 00:00, na tarehe mpya imeingia. Saa 7 usiku mpaka saa 12 alfajiri, toa 6.

Kuna mtego wa pili, nao huwanasa wengi zaidi hapa pwani. Kwa wazee wetu siku huingia magharibi, kwa hiyo "usiku wa Ijumaa" ni ule wa kuamkia Ijumaa. Shangazi angesema saa 3, hiyo ingekuwa Alhamisi tarehe 22, na karani asiyeuliza angeandika 23. Vijana nao wakisema usiku wa Ijumaa mara nyingi wanakusudia ule unaofuata Ijumaa yenyewe, na hapo saa 9 ingekuwa Jumamosi tarehe 24, na mtoto Mizani kweli. Basi muulize shangazi neno moja tu: ulikuwa wa kuamkia lini? Cheti cha kuzaliwa kwa kawaida kina tarehe bila saa. Karatasi za wodi ya wazazi, kama hukuzitupa, ndizo za kutazama.

Swali: Binamu yangu kazaliwa Palma, ng'ambo ya Ruvuma, mimi Mtwara. Sote 20 Juni 2024, sote saa 5:10 usiku. Tunaambiwa nyota zetu mbili. Inawezekanaje? *Kwa niaba ya watoto wawili, Msimbati*

Jibu: Inawezekana kabisa. Msumbiji iko nyuma yetu saa moja. Jua liliingia Kaa saa 5:51 usiku kwa saa zetu, yaani saa 4:51 kwa saa za Palma. Wa Mtwara aliitangulia dakika hiyo, ni Mapacha. Wa Palma alizaliwa imeshapita, ni Kaa. Kwa waliojifungulia karibu na mto, chunguzeni saa iliyosomwa ni ya simu ya nani, maana simu ikidaka mtandao wa upande wa pili saa yake inaweza kurudi nyuma yenyewe.

Swali: Je, naweza kuona kwa macho jua likibadili nyota? *Mwanafunzi, Lindi*

Jibu: Mipaka minane huwezi. Minne inaonekana kwa kivuli: Punda (Machi), Kaa (Juni), Mizani (Septemba) na Mbuzi (Desemba). Simamisha kijiti cha mita 1 juu ya sakafu ya saruji iliyo sawa, ukihakikisha kwa timazi, au uzi na jiwe, kwamba hakijalala upande. Kuanzia saa 5:50 mpaka saa 6:45 mchana weka alama kwenye ncha ya kivuli kila dakika 5, kisha pima kilicho kifupi kuliko vyote. Usitegemee saa 6 kamili. Kwa Lindi adhuhuri ya jua huchelewa, tena kwa kiasi kinachobadilika mwaka mzima.

Siku ya kuingia Kaa kivuli hicho kitakuwa kama sentimita 66, kikielekea kusini. Siku za Punda na Mizani ni kama 18, kusini vilevile. Siku ya Mbuzi ni kama 24, lakini sasa kimegeuka kaskazini, kwa sababu jua limetupita. Kijiti kikilala kwa nyuzi 1 tu kuelekea kusini au kaskazini, hesabu ya Machi au Septemba inakosea kwa siku mbili na nusu. Juni na Desemba ni ngumu zaidi: kivuli hakisogei kwa siku kadhaa, utajua wiki tu.

Ukitaka starehe ya bure, subiri 19 Oktoba hivi, korosho zikiwa zinaanikwa: mnamo saa 6:06 mchana jua liko utosini na kijiti hakina kivuli. Hilo hurudi 22 Februari hivi, saa 6:35, lakini mvua za Februari unazijua.

Swali: Mwalimu wa madrasa kanipigia hesabu, kasema nyota yangu ni Simba. Gazeti linasema Nge. Nani mwongo? *Msomaji, Kilwa Masoko*

Jibu: Hakuna. Ya mwalimu ni nyota ya jina, haihusiani na mwezi wala jua. Huchukuliwa herufi za jina lako na la mama yako kwa hesabu ya abjadi, ambamo kila herufi ya Kiarabu ina namba yake, zikajumlishwa, zikagawanywa kwa 12. Baki ndiyo nyota. Tuseme unaitwa Ali: ain 70, lamu 30, ya 10, jumla 110. Mama Hawa: ha 8, wau 6, alifu 1, jumla 15. Pamoja 125, baki 5, na ya tano ni Simba. Pasipobaki kitu ni Samaki. Inapoharibika ni kwenye tahajia: mwingine huihesabu hamza ya mwisho wa Hawa, jumla ikawa 126, baki 6, ukageuka Mashuke. Muulize mwalimu aliliandikaje jina la mama. Ukurasa wa nyota wa gazetini umeandikwa kwa nyota ya jua, kwa hiyo ukiusoma, soma Nge.

Swali: Mbona wengine wanasema nyota ni 13? *Nachingwea*

Jibu: Wanazungumzia makundi ya nyota yenyewe, siyo vipande vya nyuzi 30. Makundi hayana ukubwa mmoja, na jua hupita pia kwenye la Mshika Nyoka kuanzia mwisho wa Novemba mpaka katikati ya Desemba. Tena mhimili wa dunia huyumba polepole, nyuzi 1 kila miaka 72, hivyo majina na makundi yameachana kwa nyuzi 24 hivi. Wanajimu wa Kihindi hulifidia pengo hilo, na kwao jua huingia Punda katikati ya Aprili.