Kwa nini Wamapuche hawachukui fidia wakahama?

Ndugu, umeuliza kwa nini Wamapuche, wenyeji wa asili wa Chile, wasichukue fidia ya ardhi yao wahamie kwingine. Jina lao linajibu: mapu ni ardhi, che ni watu. Wahispania walishindwa kuwatawala, na mwaka 1641, kwa mkataba wa Quilín, wakakubali mto Biobío uwe mpaka kati yao. Walioinyang'anya ardhi hiyo ni jeshi la Chile iliyokwisha kupata uhuru, 1861 hadi 1883. Kisha mwaka 1974 serikali ya dikteta Pinochet ikaanza kutoa ruzuku ya kupanda misonobari na mikaratusi, miti inayonyonya maji mengi. Leo kuna vijiji ambavyo visima vimekauka, maji yanaletwa kwa lori, ndoo zimepangwa mlangoni. Na machi, mganga wao, dawa zake huota kwenye vinamasi vya msitu wa asili. Kinamasi kikikauka, hizo dawa atazichuma wapi?