Mishkaki hii au mishkaki hizi?

Dada mmoja anafungua kibanda cha mishkaki na yuko kwenye kuandika bango, kauliza: aandike "mishkaki hizi ni tamu" au "mishkaki hii ni mitamu"? Mmoja unaitwaje? Na ile nyama inapokaa na viungo kabla ya kwenda jikoni, inarowekwa au "inamarinetiwa" kama anavyosikia kwenye video za mapishi?

Dada yangu andika mishkaki hii ni mitamu. Mmoja ni mshikaki, au mshkaki kama wengi tunavyotamka, na mkaandika mishikaki au mishkaki sina ugomvi, ila ngeli ni U-I, ileile ya mkate na mti, kwa hiyo mshkaki huu umeungua, mishkaki mitano imeiva. Hiyo "hizi" nadhani inakuja kwa sababu mtu akihisi neno ni la kuja analitupa I-ZI pamoja na chipsi na soda, na kwa vile tunaagiza "chipsi mishkaki" kwa pumzi moja, ngeli ya chipsi inaimeza ya mwenzake.

Na kweli neno limekuja. Oman mpaka leo nyama hiyo inachomwa barabarani jioni na wanaiita mishkak, kutoka kwenye kitenzi cha Kiarabu chenye maana ya kudunga, na hiyo mi- kwao ni kiungo cha neno lenyewe, haina habari na wingi. Sisi sikio letu likaisikia kama mi- ya miti, tukachonga umoja wetu. Ndivyo mismar ilivyotupa msumari na misumari, na miswak ikatupa mswaki na miswaki, vyote vifaa vyembamba vyenye ncha au vya kuchokonolea. Kwa hiyo wanaosema mshikaki umetokana na kushika, eti kijiti kimeshika nyama, wanajifurahisha tu.

Sasa kuroweka. Kuroweka au kuloweka ni kuzamisha kitu kwenye maji kikae, maharage, nguo, na vile vijiti vya mbao unavyoviloweka ili visiungue kwenye makaa. Nyama ya mishkaki haizami popote, unakata sarara vipande vidogo, unaikandika kitunguu saumu, tangawizi, ndimu, chumvi, bizari na pilipili manga mpaka kila kipande kimeshika rangi, unafunika, unaiacha. Jikoni hilo tunasema kuilaza na viungo: "nyama nimeilaza tangu jana". Ni neno zuri na kila mtu analielewa, sioni marineti inaongeza nini. Ukitia papai bichi la kusaga usiilaze usiku kucha lakini, saa moja mbili zinatosha, maana papai linavunja nyama na asubuhi utakuta imekuwa rojorojo haitungiki. Ndiyo, kutunga, nyama inatungwa kijitini kama shanga, halafu inachomwa. Kuoka muachie mwenye oveni.

Hujauliza ila nimeona umeandika "mchuzi wa ukwaju" pembeni. Mchuzi kwa wengi wetu ni ule nyama imepikwa ndani yake, mteja anaweza kutegemea bakuli. Huo mchanganyiko mzito wa ukwaju, pilipili, chumvi na sukari kidogo unaomwagiwa juu au kuchovyewa andika sosi ya ukwaju, au ukwaju tu, na kama ni ya nyanya na pilipili wateja wa pwani watakuelewa ukiandika chachandu. Bango lisomeke: Mishkaki mitano, chipsi, sosi ya ukwaju.