Maji yakikwama, acheni dawa za vidonda, kapigeni picha ya bariamu

Ndugu mtoa mada, simamisha kwanza huo mpango wa dawa za vidonda. Umeandika kwamba kwa miezi kadhaa chakula kinamkwama mkeo katikati ya kifua, kwamba sasa hata maji hayashuki, amepungua sana na usiku anakohoa, na kwamba zahanati imemwongezea omeprazole, dawa ya kupunguza tindikali ya tumboni, huku wewe ukitaka kumchanganyia na unga wa miti shamba. Kisha ukauliza kuhusu matibabu ya kutanua njia ya chakula kwa puto, bei yake, chakula cha kumpa, na kama upasuaji ni bora zaidi. Maelezo yako yanafanana na ya mdogo wangu karibu neno kwa neno, na ndiyo maana sianzi na puto, naanza na picha ya bariamu, yaani eksirei anayopigwa mtu huku anakunywa dawa nyeupe iitwayo bariamu.

Jambo kubwa katika maelezo yako ni maji. Mtu ambaye njia yake inazibwa na uvimbe au kovu, kwa kawaida huanza kukwamwa na nyama, baadaye ugali, baadaye uji, na maji huwa ya mwisho. Ikiwa shemeji yetu alianza kukwamwa na vyote viwili tangu mapema, kigumu na cha maji, huenda njia yake haijawa nyembamba, ila mlango wa chini haufunguki. Pale umio, yaani njia ya chakula kutoka kooni, unapoingia tumboni kuna msuli wa mviringo ambao hukaa umefunga ili tindikali isipande, na hulegea kila mtu anapomeza. Katika ugonjwa uitwao akalasia, neva zilizomo ndani ya ukuta wa umio hufa, msuli huo hukosa amri ya kulegea, na umio wenyewe huacha kusukuma chakula. Ugonjwa huu ni adimu, hugunduliwa kwa takriban mtu 1 katika kila watu 100,000 kwa mwaka, na naelewa kwamba daktari wa zahanati anaweza asikutane nao maisha yake yote. Lakini kuuliza kama maji yanapita hakuhitaji ubingwa.

Hilo ndilo linaloniuma mpaka leo. Mdogo wangu alikuwa akifika katikati ya sahani ya ugali anasimama, anarudisha mabega nyuma, ananyoosha shingo, kisha anakunywa bilauri nzima ya maji na kusubiri, mpaka uzito wa maji ukishindilie chakula kishuke. Daktari alisikia kwamba kifua kinawaka baada ya kula, akaandika vidonda vya tumbo. Mdogo wangu akamaliza dozi ya kuua bakteria wa tumbo, akaongezewa omeprazole, akapewa dawa ya maji na ya kutafuna, na kwa zaidi ya mwaka mzima hakuna aliyemwandikia picha hata moja, ilhali chumba cha eksirei kilikuwa mlango wa pili kutoka kwa daktari huyo. Muuza dawa za asili naye aliviita vidonda sugu, akatuuzia makopo, na kila tulipolalamika kwamba mgonjwa anazidi kukonda, alijibu kwamba dawa ndiyo kwanza inasafisha. Huyo sijamsamehe.

Kilichotugharimu zaidi kilikuwa kinatokea usiku. Asubuhi mama alikuta mto wa mdogo wangu umelowa povu lenye punje za wali wa jioni, nzima kama zilivyopakuliwa, wala hazina uchachu wowote. Chakula kinachotapikwa kutoka tumboni huwa kichachu, kwa sababu kimekutana na tindikali. Ule wali haukuwahi kufika tumboni. Ulilala ndani ya umio, na alipojinyoosha kitandani ulirudi juu, na sehemu yake ikaingia katika njia ya hewa. Sasa dawa ya kupunguza tindikali ya tumboni ingekisaidia nini chakula kisichofika huko? Kikohozi kiliitwa pumu, akapewa dawa ya kuvuta. Baadaye kikashukiwa kuwa kifua kikuu, makohozi yakapimwa na hayakuonekana na kitu. Mwishowe akalazwa kwa nimonia akiwa mifupa mitupu. Kule wodini, daktari aliye mafunzoni, kijana kabisa, ndiye aliyemuuliza maji yanashukaje, na kesho yake akanyweshwa bariamu. Umio ulionekana umetanuka na kujaa, na chini kabisa umechongoka kama mdomo wa ndege, ambavyo ndivyo madaktari wenyewe wanavyoielezea alama hiyo.  Picha hiyo ilitugharimu pesa kidogo kuliko makopo ya yule muuzaji.

Kwa hiyo kanuni yangu ni moja na siiachi: asiongezewe dawa, wala asitanuliwe na mtu yeyote, kabla hajapata bariamu na kamera, ule mrija wenye kamera unaopitishwa mdomoni kutazama ndani ya umio. Kamera naisisitiza kwa sababu Afrika Mashariki yetu ni miongoni mwa maeneo ya dunia yenye saratani nyingi ya umio; Bomet nchini Kenya, Hospitali ya Tenwek imekuwa ikihangaika nayo kwa miaka mingi. Uvimbe ulioota pale pale mlangoni mwa tumbo unaweza kuiga akalasia hata kwenye picha ya bariamu, na ukitanua saratani ukidhani ni msuli, unapoteza muda ambao mgonjwa hana. Waulizeni pia ale vya majimaji kwa muda gani kabla ya kamera, kwa maana umio uliojaa mabaki ya chakula ni hatari mgonjwa anapopewa dawa ya kumlaza. Kipo na kipimo cha manometria, mrija mwembamba wa kupima nguvu ya misuli, ambacho huthibitisha akalasia na kuigawa katika aina 3. Aina ya 2 huitikia puto vizuri. Ya 3, yenye mikazo mikali, huitikia vibaya.

Kuhusu puto lenyewe, ni matibabu ya kweli. Puto lenye upana wa milimita 30 hupelekwa mpaka kwenye msuli, likajazwa hewa hadi nyuzi za msuli zichanike, na ikihitajika hurudiwa kwa milimita 35 au 40. Haliponyi neva, kwa hiyo wengine hurudi baada ya miaka, hasa vijana wa kiume. Utafiti wa Ulaya uliochapishwa mwaka 2011 ulililinganisha na upasuaji wa kuukata msuli, ule alioanzisha daktari Mjerumani Ernst Heller mwaka 1913, na baada ya miaka 2 puto lilikuwa limefanikiwa kwa asilimia 86, upasuaji kwa asilimia 90. Hatari kubwa ya puto ni umio kutoboka, takriban wagonjwa 2 katika 100. Maumivu ya kifua yasiyotulia, homa, au shingo kuvimba baada ya kutanuliwa, arudishwe hospitali saa hiyo hiyo, msisubiri kuche.

Mdogo wangu alitanuliwa, na kesho yake alikunywa uji akiwa amekaa. Omeprazole alianza kuihitaji baada ya hapo, kwa kuwa mlango uliolegezwa huiruhusu tindikali kupanda.

Mpeleke mkeo kwenye hospitali yenye eksirei na kamera, si kwenye zahanati ile ile. Akiulizwa anaumwa nini asitaje vidonda, maana wataandika vidonda. Aseme maji yanakwama kifuani, chakula cha jioni kinarudi usiku bila uchachu, na ataje kilo alizopungua. Mpaka siku hiyo, alale kichwa na kifua vikiwa vimeinuliwa, na asile chochote saa za mwisho kabla ya kulala.